Barua ya Wazi kwa Wanaotaka Mega Knight Apunguzwe Makali

Kwenu wachezaji wa Clash Royale mlioko Dar es Salaam, Nairobi, Mombasa, Kampala, Bujumbura na popote ambapo gumzo la ukoo huandikwa kwa Kiswahili,

Nawaandikia kuhusu dai linaloibuka kila kampuni ya Supercell, inayouendesha mchezo huu, inapotangaza marekebisho ya kadi: Mega Knight apunguzwe makali. Wengine mnakwenda mbali zaidi na kusema afutwe kabisa. Kisa chenu nakielewa. Mtu kajipanga vizuri, kamtanguliza Giant, nyuma yake kamweka Musketeer na Wizard, msafara unakaribia daraja, ghafla lile jitu jeusi linashuka kutoka juu na walio nyuma ya Giant wote wanakwisha. Mpinzani anatuma kikaragosi cha mfalme anayecheka. Mnara unaanguka, vikombe vinapungua, na bando lililonunuliwa kwa ajili ya jioni hiyo linaishia kwenye hasira. Inauma, na sitaki kumdharau yeyote aliyeumia hivyo.

Hata hivyo napinga dai hilo, na nimeona nilipinge hadharani. Mega Knight ana majibu mengi, na karibu yote yanagharimu eliksiri chache kuliko yeye. Tena, Supercell wakiwasikiliza, watakaoumia kwanza ni wachezaji ambao hawana hela ya kutia kwenye mchezo, na hao ndio wengi miongoni mwetu. Nitalieleza jambo hili la pili nikishamaliza la kwanza, kwa sababu najua hakuna atakayenisikiliza kuhusu hela kama bado anaamini jitu hili halizuiliki.

Mega Knight aliingia Septemba 2017, mwaka mmoja na nusu baada ya mchezo kufunguliwa kwa dunia nzima tarehe 2 Machi 2016. Bei yake ni eliksiri 7. Mchezaji hawezi kuweka akiba zaidi ya eliksiri 10, na huongezewa moja kila baada ya sekunde 2.8 mpaka dakika ya mwisho ya mechi, ambapo kasi huwa maradufu. Pigeni hesabu hiyo polepole. Anayemshusha Mega Knight ndani ya dakika mbili za kwanza ametumia mapato ya karibu sekunde 20 kwa kadi moja. Hata kama alikuwa amejaza zote 10, amebaki na 3. Kwa sekunde kadhaa hana uwezo wa kununua Musketeer, hana uwezo wa kununua Fireball, na akijaribu kujilinda upande wa pili wa uwanja atajilinda kwa vitu vidogo vidogo tu. Wengi wenu hamuoni umaskini huo kwa sababu macho yote yamemkimbilia aliyetua.

Sasa mtazameni mwenyewe. Akitua, kishindo chake hupiga kila askari wa ardhini aliye karibu na pale alipotua. Akishasimama, hupiga ngumi moja kila sekunde 1.7, na ngumi hiyo humpata aliyelengwa pamoja na waliomzunguka. Akimwona adui aliye umbali wa kati ya miraba 3.5 na 5, huchuchumaa, huruka na kumwangukia, na pigo hilo huwa na nguvu mara mbili ya ngumi ya kawaida. Adui akiwa karibu zaidi ya miraba 3.5, haruki. Na kinachopaa angani hawezi kukigusa hata kwa bahati mbaya. Mambo hayo manne, yaani kishindo, ngumi, mruko na upofu wake wa anga, ndiyo kila kitu. Hakuna siri nyingine ndani ya kadi hii, na kila jibu ninaloliandika hapa chini limetoka humo.

Kosa kubwa linalompa Mega Knight ushindi hutendeka kabla hajatua, nalo ni kurundika. Mchezaji anaweka Wizard, Witch na Musketeer kwenye eneo la miraba mitatu, wote nyuma ya mgongo wa Giant mmoja, akidhani wingi ni usalama. Mpinzani mwenye Mega Knight mkononi hangoji kitu kingine. Ukishajua kwamba anaye, tawanya. Musketeer mwache nyuma ya mnara mpaka Giant afike mbali. Askari wa pili mpeleke njia nyingine. Ukifanya hivyo, Mega Knight akishuka atampata mmoja tu, na eliksiri 7 zilizotumika kumwondoa askari mmoja wa 4 ni hasara kwa aliyezitumia. Wachezaji wenye subira humlazimisha mpinzani akae na Mega Knight mkononi dakika nzima bila kuona pa kumshusha, na muda wote huo anacheza na kadi tatu badala ya nne.

Akishashuka, tulia kwanza umtazame anaelekea wapi. Hapa ndipo mikono inapotangulia akili: mtu anamwaga Skeleton Army, halafu Goblin Gang, halafu Barbarians, na zote zinakwisha kwa ngumi chache, kwa kuwa Mega Knight ameumbwa kwa ajili ya makundi ya ardhini. Umetoa 3, ukatoa 3, ukatoa 5, na sasa wewe ndiye maskini. Kadi hizo tatu zisimkaribie kabisa akiwa na uhai mwingi, labda kama kuna mwingine imara ambaye tayari anapigana naye.

Huyo mwingine imara anaweza kuwa Knight, kadi ya kawaida kabisa ya eliksiri 3 ambayo kila mmoja wenu anayo tangu siku za mwanzo. Mshushe karibu na Mega Knight, ndani ya ule umbali ambao haruki, ili pigo lake zito lipotee. Knight atavumilia ngumi kadhaa. Wakati anavumilia, shusha Bats, eliksiri 2, nyuma au kando. Popo watano wanamdonoa, mnara unampiga, naye hawezi kuwainulia mkono. Umetumia 5 kuizima 7. Mpinzani akiwa na Zap atawaua popo kwa eliksiri 2, kweli. Kwa hiyo subiri aitumie Zap yake kwenye kitu kingine, au walete popo sekunde ile ambayo hesabu yako inakuambia hana hata 2 mfukoni. Ndiyo maana nilianza na hesabu za eliksiri. Mcheza bao hodari anajua kete ngapi mwenzake amebakiza za kunamua bila kumuuliza, na ninyi mnaweza kuzoea kuhesabu eliksiri za mpinzani kwa namna hiyohiyo: ametoa 7, zimepita sekunde sita, ana 5.

Mini P.E.K.K.A ni jibu la eliksiri 4 na mimi nalipenda kwa unyoofu wake. Akisaidiwa na mnara anammaliza Mega Knight na mara nyingi anabaki hai. Sharti lake ni wakati. Ukimshusha mbali, ataangukiwa na ule mruko wenye nguvu maradufu na kuanza vita akiwa amejeruhiwa vibaya. Mngoje Mega Knight arukie kitu kingine, hata Skeletons wa eliksiri 1, halafu umshushe Mini P.E.K.K.A ubavuni pake. Ukiwa na P.E.K.K.A mwenyewe, wa eliksiri 7, hapo hakuna mjadala: bei ni sawa kwa sawa, P.E.K.K.A anashinda, na anaendelea na safari kuelekea mnara wa mpinzani aliyefilisika. Tatizo ni kwamba kubeba kadi ya 7 kunakulazimisha kikosi kizima kiipishe, na sishauri mtu abadilishe kikosi chake chote kwa kumwogopa adui mmoja.

Inferno Dragon pia ni wa eliksiri 4. Anapaa, kwa hiyo Mega Knight hana la kumfanya, na mwale wake wa moto huongezeka nguvu kadiri unavyokaa juu ya mtu mmoja. Ukiona Mega Knight anakuja peke yake na mpinzani alishatumia Zap, mshushe Inferno Dragon na uelekeze mawazo yako kwenye mashambulizi yatakayofuata. Inferno Tower ya eliksiri 5 hufanya kazi hiyohiyo ikiwa imesimama ardhini, ila inahitaji kuwekewa kitu cha kumchelewesha jitu asiifikie mapema. Zote mbili zina adui mmoja wa pamoja: chochote kinachoshtua. Zap, Electro Wizard, Electro Spirit, vyote huukata mwale na kuurudisha mwanzo. Kama mpinzani anavyo, usimtegemee Inferno Dragon peke yake. Mlindie mgongo.

Kuna ujuzi mwingine ambao hauhitaji kadi yoyote kubwa, nao ni kumvuta. Mega Knight humfuata askari wa ardhini aliye karibu naye, hachagui majengo pekee kama Hog Rider. Ukiweka Ice Golem wa eliksiri 2 upande wa katikati ya uwanja, mbele ya mnara wa mfalme, atageuka na kumfuata. Sasa anapigwa na minara yako miwili ya pembeni badala ya mmoja, na anatembea njia ndefu huku hapigi mnara wowote. Musketeer aliye nyuma anamalizia. Wanaocheza kile kikosi mashuhuri cha wastani wa eliksiri 2.6, chenye Hog Rider, Musketeer, Ice Golem, Ice Spirit, Skeletons, Cannon, Fireball na The Log, wamekuwa wakimzima Mega Knight kwa njia hii tangu alipozaliwa. Tazameni tena orodha hiyo. Ukiiondoa The Log, hakuna kadi hata moja ya ngazi ya juu ya uadimu. Zote nyingine ni za kawaida au za ngazi inayofuata, zile zinazopatikana kwa wingi na kupandishwa kwa urahisi. Hakuna anayeweza kuniambia kwamba jibu la Mega Knight ni la matajiri.

Nimalizie upande huu kwa jambo la mzunguko. Kila kikosi kina kadi nane, na nne tu ndizo huwa mkononi. Mpinzani akishamtumia Mega Knight, lazima acheze kadi nyingine nne ndipo amshike tena. Kama kadi hizo nne zina wastani wa eliksiri 4, zinahitaji eliksiri 16, ambazo katika kasi ya kawaida ni sekunde 45 hivi. Sekunde 45 ni robo ya mechi ya dakika tatu. Katika robo hiyo Goblin Gang yako iko salama, Witch wako yuko salama, na kila kitu ambacho ulikuwa unakificha kinaweza kutoka. Mnaolalamika kwamba Mega Knight hawapi nafasi ya kucheza, nafasi ni hiyo, na inarudi kila mara anapotumika.

Nageukia ninyi mnaomtumia, maana nanyi mna sehemu yenu katika chuki hii. Wengi mnamshusha darajani pindi mechi inapoanza, eliksiri zikiwa zimetimia 10, mkitumaini mpinzani atababaika. Asiyejua hubabaika kweli, na mkizoea ushindi wa namna hiyo mtakwama siku mtakapoanza kukutana na wanaojua. Huyo anayejua atampokea Mega Knight wenu kwa Knight na Bats, kisha atapeleka mashambulizi njia ya pili mkiwa na eliksiri 3. Mega Knight ni mlinzi kwanza. Thamani yake iko kwenye kishindo cha kutua, na kishindo hakina thamani pale ambapo hakuna mtu wa kukipokea. Mngojee mpinzani avuke daraja na msafara wake. Msimwangushie Giant aliyetangulia, waangushieni waliomfuata. Witch, Wizard, Musketeer, hao ndio chakula chake. Akishawamaliza, atakuwa na uhai wa kutosha kusonga mbele mwenyewe, na hapo ndipo mnapomwongezea Bats, au Miner wa eliksiri 3 atakayeuchimba mnara huku jitu likivuta macho, au Inferno Dragon kama mna hofu ya P.E.K.K.A. Mashambulizi hayo yanakuwa yamezaliwa kutokana na ulinzi, na Mega Knight aliyemo ndani yake ameshalipiwa.

Msimshushe kwa ajili ya Skeletons watatu. Msimshushe kwa ajili ya Knight mmoja. Kama hakuna wa kumstahili, bakini naye. Kuna hali moja tu ambayo nakubali kuanzia darajani, nayo ni pale mpinzani anapoweka kitu kizito nyuma kabisa ya uwanja wake, tuseme Golem wa eliksiri 8 au Elixir Collector ya 6. Amejifilisi kwa hiari yake. Mpelekeeni Mega Knight njia ya pili papo hapo, na muwe na Zap mkononi.

Na angalieni mnachomzungushia. Nimeona vikosi vyenye Mega Knight, P.E.K.K.A, Wizard na Witch kwa pamoja. Kadi hizo nne zinataka eliksiri 24, yaani zaidi ya dakika nzima ya mapato katika kasi ya kawaida. Siku zikijikusanya mkononi zote nne, na siku hiyo haikawii, Hog Rider wa eliksiri 4 atawamaliza mkiwa mnatazama. Mega Knight anahitaji kuzungukwa na wepesi: Bats, Zap, Miner, kitu kimoja cha kupaa chenye nguvu, na askari mmoja wa bei nafuu wa kumpotezea mpinzani muda.

Najua kuna watakaoniambia kwamba yote hayo yalikuwa kweli zamani, kabla ya umbo lake jipya. Mfumo wa mageuzi ya kadi uliletwa Juni 2023, na zamu ya Mega Knight ilifika 2024. Katika umbo hilo ngumi yake humrusha nyuma aliyepigwa, na wale waliozoea kumwekea Knight au Mini P.E.K.K.A wamejikuta askari wao wanatupwa kabla hawajarudisha pigo. Hoja hii ni nzito kuliko zote mnazozitoa, na kama Supercell wangeamua kuupunguza mrusho huo nisingelia. Lakini hata hapo upofu wake wa anga umebaki vilevile. Inferno Dragon harushwi kwa kuwa hapigwi. Bats hawarushwi. Inferno Tower haihami mahali pake. Umbo jipya limefunga mlango mmoja wa majibu ya ardhini, ule wa anga halijaugusa, na kikosi kisicho na hata kadi moja ya kupaa au ya kuyeyusha majitu kina upungufu wake chenyewe, awepo Mega Knight au asiwepo.

Sasa lile la hela, ambalo ndilo lililonifanya niandike.

Kupandisha kadi moja mpaka levo za juu ni kazi ya miezi mingi kwa mtu ambaye hanunui chochote. Anachagua kadi nane, anazilea, na dhahabu yake yote inakwenda humo. Wachezaji wengi wa aina hiyo wamemchagua Mega Knight kwa sababu ya busara kabisa: anajilinda vizuri, anasamehe makosa ya mtandao unaokwama, na hahitaji kidole chepesi kama kikosi cha 2.6. Jambo la mtandao si dogo kwetu. Anayecheza kwa simu ya bei ndogo, kwa bando la saa chache, pengine amri zake zinachelewa kufika, na kadi inayotaka usahihi wa nusu sekunde inamwadhibu kwa kosa ambalo si lake. Mega Knight anavumilia uchelewaji huo. Mkimwondolea nguvu kesho, mwenye kadi ya benki atafungua duka la mchezo na kupandisha kadi nyingine jioni hiyohiyo. Aliyemlea Mega Knight kwa miezi bila kununua hana pa kwenda. Ataanza upya, na huenda kufikia wakati amemaliza kulea kadi ya pili, nayo inapigiwa kelele.

Maana kelele hazitakoma. Mwaka 2016 watu walimlilia Royal Giant, aliyetawala ngazi ya vikombe baada ya kuongezewa nguvu. Mwishoni mwa mwaka huohuo wakaja Elite Barbarians, wakaongezewa nguvu nao, na kwa miezi kadhaa hakuna aliyepumua. Hao walistahili kupunguzwa na walipunguzwa. Katikati ya 2017 ikawa Night Witch. Baada ya kila mmoja wao kupigwa, kilio kilihamia kwa anayefuata ndani ya muda mfupi. Mega Knight ametofautiana nao kwa jambo moja muhimu: kwa miaka mingi kileleni mwa ngazi hakuwa tegemeo la wengi, ilhali katikati ya ngazi mtu hukutana naye karibu kila mechi. Kadi iliyozidi nguvu kweli hushikwa kwanza na mabingwa, kwa kuwa wao hawana huruma wala mazoea, wanachukua kinachoshinda. Inayowatesa wa katikati huku wa juu wakiipita inatuambia kwamba kuna maarifa ambayo bado hayajashuka. Bara letu limetoa bingwa wa dunia wa mchezo huu, Mohamed Light wa Misri. Tazameni mechi zake, mkaangalie hasa vidole vinavyotulia pale kadi kubwa ya mpinzani inapotua. Utulivu huo hauuzwi dukani.

Lipo dai ambalo ningelitia sahihi leo. Ni kuhusu levo. Mega Knight aliyekuzidi levo mbili au tatu anaweza kuyavuruga majibu yote niliyoandika: Mini P.E.K.K.A wako anakufa mapema, Knight wako anavumilia ngumi chache kuliko ulivyotarajia, kishindo cha kutua kinamwondoa askari ambaye kwa kawaida angebaki na uhai kidogo. Hapo mchezaji aliyefanya kila kitu sawasawa bado anapoteza mnara. Huo ni uonevu, na unatoka kwenye mfumo unaouza kasi ya kupanda levo na kisha kuwakutanisha aliyenunua na ambaye hakununua kwenye uwanja mmoja. Kama mnataka kuwaandikia watu wa Supercell kule Helsinki, waandikieni hilo. Waambieni pengo la levo kati ya wanaokutanishwa lipunguzwe. Dai hilo lingemfaa anayemchukia Mega Knight na anayempenda, lingemfaa mwenye simu kubwa na mwenye simu ndogo, na Supercell wangeshindwa kulijibu kwa kubadilisha tarakimu moja kwenye kadi moja.

Tofautisheni mambo hayo mawili kila mnapopoteza. Mechi ikiisha, rudieni kuitazama kabla ya kuandika lolote kwenye gumzo. Angalieni levo ya Mega Knight aliyewapiga. Kama ni sawa na levo za kadi zenu, angalieni mlikuwa mmerundika nini alipotua, na mlimjibu kwa kadi gani, na mpinzani alikuwa na eliksiri ngapi. Mara nyingi mtaona nafasi ya kushinda imesimama pale mbele yenu kwa sekunde kumi na zaidi. Kama amewazidi levo, hifadhini mechi hiyo, maana ndiyo ushahidi wa dai la kweli.

Viongozi wa koo nawaomba jambo la peke yao. Mnawapokea wadogo zetu wapya kila wiki, na wengi wanaacha mchezo kwa sababu ya kadi hii kabla hawajafundishwa chochote. Wekeni mechi za kirafiki, ambazo hazimpunguzii mtu kikombe hata kimoja. Mwenye Mega Knight acheze na mgeni, tena mara kadhaa mfululizo, huku akimweleza kwa sauti anachongojea na anachokiogopa. Mgeni akishaambiwa na mwenye kadi mwenyewe kwamba anaogopa Inferno Dragon na anachukia kuvutwa katikati, hatasahau. Na mwambieni pia kwamba vikaragosi vya mpinzani vinaweza kunyamazishwa. Wengi hawajui, na hupoteza mechi ya pili kwa hasira ya kicheko cha mechi ya kwanza.

Kwa hiyo nawaombeni, marekebisho yajayo yatakapokaribia, msiliweke jina la Mega Knight kwenye orodha zenu. Andikeni levo. Andikeni kwa Kiingereza kama ndiyo lugha watakayoisoma, na andikeni kwa Kiswahili pia, ili wajue kwamba tupo na tunacheza. Na mkikutana nami uwanjani nikiwa na Mega Knight mkononi, tawanyeni askari wenu.

Mchezaji mwenzenu,
Dar es Salaam